Mrusi Aliyepita Wikio Lisilokuwepo

Nyumba ya bibi yangu hapa Mkomani, mtaa wa Amu, yaani Lamu, ina wikio. Kwa msomaji ambaye hajafika Amu, wikio ni kipito kilichojengwa juu ya ndia (njia), kikiunganisha nyumba mbili zinazotazamana, na chini yake watu na punda wanapita. Zamani mwanamke aliweza kutoka kwao akaenda kwa nduguye, akala, akasuka ukili, akarudi, bila mguu wake kukanyaga mchanga wala mpita ndia kumwona. Mimi nimekulia humo. Lina dirisha dogo lenye fito za mbao, na nilipokuwa mtoto nilikuwa nikilala kifudifudi hapo nikitazama chini: kofia za vito, vilemba, punda waliobeba mawe na mchanga, wavuvi na makapu yao. Siku moja lilipita jeneza. Wanaume walikuwa wakipokezana mabegani, kila mmoja akitaka thawabu ya kulibeba hatua mbili tatu, na kutoka kule juu halikuonekana kubebwa. Lilikuwa linaelea.

Habari hii ni ya mpiga picha za sinema Mrusi, Sergei Urusevsky, na nimeanza na jeneza hilo kwa sababu ndilo lililonijia siku mwalimu wetu wa video kule Mombasa alipozima taa akatuwekea ukutani kipande kifupi cha filamu, bila kutuambia ni ya nani. Nilikuwa na miaka ishirini na mmoja. Ni maziko ya kijana aliyeuawa. Wenzake wamembeba juu, amefunikwa bendera, barabara imejaa watu. Kamera iko chini, kati yao, karibu kabisa na uso wa maiti. Halafu inaanza kupanda. Inapanda ghorofa moja, ya pili, ya tatu, inawapita watu waliosimama kwenye roshani, inafika juu kabisa. Inajivuta pembeni na kuingia kwenye dirisha. Ndani ni kiwanda cha sigara, wafanyakazi wanasokota tumbaku. Inapita katikati yao taratibu, nao wanainuka na kuikunjua bendera dirishani. Kamera inafika kwenye dirisha hilo, na mimi nikasema hapa ndipo mwisho, maana mbele hakuna pa kukanyaga. Haikusimama. Ilitoka nje ikaendelea kwenda juu ya barabara, hewani, katikati ya majengo mawili, maiti ikiwa chini na watu wanatiririka kama maji. Hakuna kata hata moja, yaani hakuna mahali picha ilipokatwa ikaungwa.

Nililia. Wenzangu walikuwa wakiulizana ni droni ya kampuni gani. Mwalimu akawasha taa akasema: 1964.

Aliyeshika upande wa picha katika filamu ile, Soy Cuba, yaani Mimi ni Kuba, ni huyo Urusevsky. Mwongozaji ni Mikhail Kalatozov, na aliyekuwa akiibeba kamera mara nyingi ni kijana wao Alexander Calzatti. Droni hazikuwepo. Hata kile kifaa cha kuvaa mwilini kinachotuliza kamera, Steadicam, Mmarekani Garrett Brown alikuja kukibuni miaka ya 1970. Hawa walichokuwa nacho ni kamera nyepesi ya Kifaransa ya Eclair, kamba, kapi, na watu. Mpiga picha alivishwa kizibao chenye kulabu mgongoni, na mafundi waliojipanga njia nzima wakawa wanamtundika na kumtundua, huyu anamwachia yule, kutoka ghorofa hii hadi paa lile. Walikuwa wanapokezana. Niliposoma habari hiyo usiku mmoja, nilitoka nikaenda kulala wikioni kwa bibi, mtu mzima mimi, nikatazama ndia mpaka adhana ya alfajiri.

Kazi yangu ni kupiga video za harusi, na ni za wanawake peke yake: singo (kumsugua bibi arusi kwa manukato), hina, na kupamba (usiku wa kumwonyesha bibi arusi kwa wanawake). Simu za wageni hukusanywa mlangoni, na kamera inayoruhusiwa ndani ni yangu tu, kwa kuwa mimi ni mwanamke na nimepewa amana. Kanda ninazopiga hazitoki kwa wenyewe. Kwa hiyo kwenye ukurasa huu hutaona picha yangu hata moja, na nikitaka kuwaeleza mwalimu wangu wa kweli, Urusevsky, ni nani, itabidi nieleze kwa maneno, kupitia kazi zake yeye.

Urusevsky alizaliwa St. Petersburg mwaka 1908. Kamera haikuwa mwanzo wake. Alianza kwa kuchora. Alisomea sanaa Moscow, na mmoja wa walimu wake alikuwa Vladimir Favorsky, bingwa wa picha za kuchonga kwenye mbao. Hapa naomba nikae kidogo, maana kwetu uchongaji si habari ya kigeni. Ami yangu ni fundi wa nakshi za milango kule mtaa wa Langoni. Nilipomweleza namna picha za Favorsky zinavyotengenezwa, kwamba unachonga ubao, unaupaka wino, unaugandamiza kwenye karatasi, na pale ulipoondoa mbao panabaki peupe, alinyamaza akauchezesha patasi mkononi. Kisha akaniambia: "Basi huyo hachongi ua. Achonga mwangaza." Katika nakshi zetu pia ni hivyo, ua la mlango halionekani mpaka jua liingie kwenye shimo lililochimbwa. Ukishajua kwamba Urusevsky alifunzwa na mtu wa aina hiyo, utazielewa filamu zake za weusi na weupe: yeye anaanza na giza, halafu anachonga.

Vita vya Pili vilimkuta, akaenda mstari wa mbele kama mpiga picha. Katika vita huwezi kumwambia mtu asimame arudie. Unabeba kamera mkononi, unakimbia na wanaokimbia, unalala wanapolala. Mkono wake naamini ulifunguliwa huko, ingawa ilichukua miaka zaidi ya kumi kabla haujaruhusiwa kuonekana kwenye sinema.

Miaka iliyofuata nitaipita haraka. Alipiga filamu ya Mark Donskoy kuhusu mwalimu wa kijijini, 1947. Alifanya kazi na Yuli Raizman. Alimpigia Vsevolod Pudovkin filamu yake ya mwisho, 1953. Alipata Tuzo ya Stalin mara mbili. Ni picha safi, zimetulia, kila kitu mahali pake, kama sebule iliyopangwa kwa ajili ya mgeni mkubwa. Nimetazama vipande vyake na ninaviheshimu, lakini simuoni humo mtu aliyetoka vitani na kamera begani. Wakati huo Umoja wa Kisovieti ulikuwa unatoa filamu chache mno kwa mwaka, na kila moja ilikaguliwa mpaka ikapoa. Stalin akafariki Machi 1953. Baada ya hapo mambo yakaanza kulegea, na huyu bwana, aliyekwisha kuvuka miaka arobaini, akaanza ujana wake.

Mwaka 1956 alipiga Ya Arobaini na Moja, filamu ya kwanza ya mwongozaji Grigori Chukhrai. Ni hadithi ya mwanamke mlenga shabaha wa jeshi la Wekundu, aliyekwisha kuua maadui arobaini, na yule wa arobaini na moja akamkosa. Wakaja kutupwa pamoja kisiwani, wakapendana. Hii ina rangi. Sehemu kubwa ni jangwa, na nimeitazama nikiifikiria milima ya mchanga ya Shela, kijiji cha hapa kisiwani kwetu. Wapiga picha wengi huja Shela adhuhuri, mchanga unatoka mweupe mtupu, hauna umbo. Urusevsky anasubiri jua lilale, mpaka kila wimbi la mchanga liwe na upande wake wa giza, na binadamu akipita pale unaona alivyo mdogo na alivyochoka bila yeye kusema neno. Tangu hapo nikipigiwa simu niende kupiga picha za Shela, natoa sharti la saa: kumi na moja jioni, au saa kumi na mbili unusu asubuhi. Wakikataa, siendi.

Halafu mwaka 1957 ikaja Korongo Wanaruka.

Hii ndiyo filamu iliyonifanya niandike. Kalatozov, mzaliwa wa Tbilisi, naye katika ujana wake aliwahi kushika kamera, kwa hiyo wawili hawa walielewana bila maneno mengi. Hadithi ni fupi. Veronika na Boris wanapendana Moscow, vita vinaingia, Boris anajiandikisha, hawawahi kuagana. Tatiana Samoilova ndiye Veronika, Aleksei Batalov ndiye Boris. Mwaka 1958 ilishinda Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes.

Tazama siku ya kuagana. Veronika amechelewa. Yuko ndani ya basi, kamera iko pamoja naye, usoni pake kabisa, anatazama dirishani, barabara imezibwa. Anashuka. Kamera inashuka naye. Anajipenyeza kwenye umati, na kamera inajipenyeza nyuma yake, mabega ya watu yanaipiga. Ghafla inainuka juu, na sasa unaona kilichoizuia barabara: vifaru vinapita, safu kwa safu, na kale kasichana kanakimbia kukata katikati ya vifaru. Yote kwa mkupuo mmoja. Ingekuwa ni mimi, zamani, ningeanza na vifaru kutoka juu, ili mtazamaji aelewe mapema. Yeye amekataa ujue chochote ambacho Veronika hajakijua. Unakijua pale anapokijua yeye, na mwili wake ukiwa tayari umo katikati.

Kisha pale kwenye lango. Watu wanaagana, wanalia, wanacheza, wanatukanana, kamera inapita usoni pa mmoja hadi mwingine kama mtu anayemtafuta mtu wake. Boris anamtafuta Veronika upande huu, Veronika anamtafuta Boris upande ule. Hawaonani. Anamrushia kifurushi cha biskuti, kinaanguka, kinakanyagwa na miguu ya wanaoandamana. Nimeshuhudia wasafiri wa chombo wakiagana pale gatini mara nyingi, na tangu niione filamu hiyo siwezi tena kutazama mtu mmoja tu. Natazama yule anayetafuta.

Na kifo cha Boris. Anapigwa risasi kwenye kinamasi, anaushika mti wa mbetula, anatazama juu. Matawi yanaanza kuzunguka. Na ndani ya kuzunguka kule anajiona akipanda ngazi za nyumba ya kina Veronika mbio, ngazi zilezile alizozipanda mwanzo wa filamu alipokuwa na furaha, kamera ikizunguka naye ghorofa kwa ghorofa. Juu kabisa kuna harusi. Veronika amevaa shela nyeupe. Wazee wanawabusu. Ni harusi ambayo haitakuwepo. Mimi nimepiga harusi zaidi ya mia mbili, na hiyo ya mtu anayekufa, isiyotimia dakika moja, ndiyo ninayoiona kila ninapomwona bibi arusi akiinua uso.

Sasa nisimulie kosa langu, kwa kuwa ndilo lililonifunza kumwelewa mtu huyu.

Niliporudi kutoka Mombasa nilikuwa nimelewa mzunguko. Harusi ya kwanza niliyopata ilikuwa ya nyumba kubwa, kupamba kwenye kiwanda, yaani ua wa ndani, asumini mpaka sakafuni, moshi wa udi, dhahabu inamemeta. Nilinunua lenzi pana kwa mkopo, kwa sababu nilisoma kwamba kule Kuba Urusevsky alitumia lenzi ya milimita 9.8. Nikaanza kuruka nayo. Nikazunguka nguzo, nikapanda ngazi, nikashuka, nikapita chini ya meza ya sharbati, nikaingia kwenye zidaka, vile vishubaka vya ukutani, nikatokea kwenye dari. Nilijiona niko Havana. Siku ya kukabidhi, mama wa bibi arusi alikaa kitandani akaitazama yote, saa nzima, bila kusema. Mwishowe akavua miwani.

"Mwanangu," akaniambia, "umenionyesha dari. Umenionyesha zidaka, na viatu vya watu, na mambo mazuri. Mato yangu yamezunguka hata nimeingiwa ni kisunzi. Mwanangu mwenyewe yu wapi?"

Nikatafuta. Katika saa nzima, uso wa bibi arusi ulikuwa umetulia kwenye picha kwa muda mfupi mno. Machozi aliyoyatoa alipokuwa akivishwa kikuba na nyanya yake sikuyapata. Wakati huo nilikuwa ngazini. Nilirudisha nusu ya pesa. Mama yule hakuzidai. Lakini machozi yale siwezi kuyarudisha.

Nikairudia Korongo Wanaruka kwa jicho lingine. Na nikaona kwamba kila pale kamera inapokwenda mbio, kuna mwili wa mtu unaoivuta. Inazunguka ngazini kwa kuwa Boris ana haraka ya kumwona mpenzi wake. Mbetula zinazunguka kwa kuwa macho yanayozitazama yanazimika. Veronika anapotaka kujitupa chini ya treni, picha inavurugika mpaka huoni kitu ila vijiti, mwanga na nywele, kwa kuwa yeye mwenyewe haoni. Anapokaa akasikiliza, kamera inakaa. Ni kama mtu aliyeshikwa mkono. Kamera ndiyo inayoongozwa.

Nilianza kufanya mazoezi ya kutembea. Ndia za Amu ni nyembamba; ukikutana na punda mwenye mzigo, mmoja wenu lazima ajibanze ukutani. Stendi ya miguu mitatu haina pa kukaa. Dadangu mdogo alikuwa akitoka nyumbani kwenda Usita wa Mui, ndia kuu ya mji, kununua mahamri, nami nyuma yake na kamera, hatua yangu kwenye hatua yake, asubuhi baada ya asubuhi. Niligundua kwamba nikimtazama kisogo naanguka, nikisikiliza pumzi zake sianguki. Anapotaka kugeuka kona huwa anavuta pumzi kidogo. Mpaka leo nikiwa kazini nasikiliza zaidi ya ninavyotazama.

Filamu yao iliyofuata ilikuwa Barua Isiyotumwa, 1960: watu wanne wa msafara wa kijiolojia wanatafuta almasi Siberia, wanaipata, halafu msitu unawaka moto na wanapukutika mmoja baada ya mwingine, wakipambana na moto, na maji, na baridi. Hadithi yenyewe haikunishika sana. Lakini zile sura nyeusi zinazotembea kwenye ukingo wa moshi ni nakshi tupu, ni Favorsky, na nilimwonyesha ami yangu kipande hicho kwenye simu akakitazama mara tatu.

Tukaja Kuba. Walianza kupiga huko baada ya ule mgogoro wa makombora wa Oktoba 1962, filamu ikatoka 1964. Kuna jambo moja la kiufundi nataka mlielewe, kwa sababu linatuhusu watu wa minazi. Walitumia filamu ya infraredi. Majani mabichi hurudisha kwa nguvu miale ile ambayo macho yetu hayaioni, na filamu hiyo inaiona, kwa hiyo majani yanatoka meupe pe. Mbingu ya buluu haina miale hiyo kwa wingi, inatoka nyeusi. Matokeo yake ni kwamba filamu inapoanza, kamera inapita hewani juu ya pwani na mitende yote ni myeupe kama manyoya, chini ya anga la giza, jua likiwa linawaka. Mashamba ya miwa nayo ni meupe, kama yamechomwa tayari kabla mwenyewe hajayatia moto. Nilipoiona mara ya kwanza nilizizima mwili mzima. Nilitoka kibarazani nikaitazama minazi ya Manda ng'ambo ya maji, kijani yake ileile, nikahisi kama nimeambiwa siri yake.

Kuna na shoti, yaani mkupuo mmoja wa kamera, ya juu ya paa la hoteli, wasichana wa mashindano ya urembo, muziki, kamera inashuka ghorofa hadi kwenye bwawa la kuogelea na kuzama majini pamoja na waogeleaji. Waliifunga kamera isipitishe maji, na ili matone yasibaki kwenye kioo wakatumia kifaa cha kusafishia periskopu ya nyambizi. Ni kazi ya watu waliokubali kufikiri siku nyingi kwa ajili ya dakika moja, na kwa hilo nawavulia kofia.

Lakini Wakuba hawakuipenda. Walisema hao si wao. Na Moscow pia haikuipenda, kwa sababu zake. Ilionyeshwa muda mfupi ikawekwa kabatini.

Nimesoma watu wengi wanaowahurumia Urusevsky na Kalatozov kwa hilo, wakisema Wakuba hawakujua walichoonyeshwa. Mimi ni mtu wa Amu, siwezi kusema hivyo. Sisi tumepigwa picha na wageni kwa miaka mingi. Mui wetu uliingizwa kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2001, na toka hapo wanazidi kuja. Kila mwaka anakuja mtu na droni yake, anapiga jahazi likigeuza tanga, anapiga paa za makuti, anapiga mwanamke wa buibui akipotea kwenye kona, halafu anatuonyesha. Ni nzuri. Mara nyingine ni nzuri kuliko ninavyoweza mimi. Na katika moyo wako unauliza lilelile aliloniuliza yule mama: mwanangu mwenyewe yu wapi? Kuna sehemu za Soy Cuba ambapo mtu ni kama kinara cha kuwekea taa. Yule msichana wa vilabuni, yule mkulima mzee wa miwa: nawajua nyuso zao kwa kila mkunjo, sijui wanapenda kula nini. Mpenzi wangu katika kazi hii, mwalimu wangu, pale aliruka akawaacha watu chini. Nasema hivi na ninampenda.

Isipokuwa pale kwenye maziko. Pale hakuwaacha. Nimeitazama shoti ile pengine mara mia na nimehesabu watu wanaotazamwa njiani. Kamera haipandi ukutani ili itushangaze. Inapanda kwa sababu habari ya kifo ndivyo inavyopanda. Wa kwanza kujua ni waliobeba. Halafu wa roshani ya kwanza. Halafu wa juu. Halafu wanaosokota sigara, ambao wamezama kazini mpaka iwafikie. Kila mtu anaipokea na kumpa mwingine, na mwisho inawatoka watu wote na kwenda pamoja na maiti. Hapa Amu mtu akifa hutangazwa misikitini, na kabla mtangazaji hajamaliza, utasikia habari ikipita wikioni, kwa sauti za wanawake, kutoka nyumba hadi nyumba, juu ya vichwa vya watu. Kwa hiyo shoti ile mimi siioni kuwa ya ajabu. Naiona kuwa ni ya kweli.

Baada ya Kuba wawili hao hawakufanya tena kazi pamoja. Urusevsky aliongoza mwenyewe filamu mbili: moja kutokana na hadithi ya Chingiz Aitmatov, mwandishi wa Kirigizi, kuhusu mzee na farasi wake Gulsary; nyingine kuhusu mshairi Sergei Yesenin. Alifariki Moscow Novemba 1974, akiwa na miaka 65. Kalatozov alikwisha kumtangulia mwaka mmoja nyuma. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya 1990 ndipo Soy Cuba ilipotolewa kabatini na kuonyeshwa Marekani, na waongozaji Martin Scorsese na Francis Ford Coppola wakaweka majina yao kuidhamini, ikaenea dunia nzima hadi ikafika kwenye ukuta wa darasa la Mombasa. Mwenyewe alikwisha kulala miaka karibu ishirini. Hilo huniuma kila nikilikumbuka. Mtu aliifanya kazi ile kwa mikono yake, akaambiwa haifai, akaenda nalo kaburini.

Mwezi uliopita nilipata harusi ya mtaani kwetu. Bibi arusi alipambwa nyumba ya shangazi yake, na kupamba kwenyewe kulikuwa nyumba ya pili, ya kwao. Kati ya nyumba hizo kuna wikio. Chini, ndiani, wanawake wangekuja na vugo, wakipiga pembe na kuimba, na bibi arusi angevuka juu yao bila wao kumwona. Niliposikia hivyo usingizi ulikatika siku nne.

Dirisha la wikio lile lilikuwa limeoza fito mbili, na mwenye nyumba alikuwa amekwisha kuziondoa ili fundi aweke mpya. Nikamwomba fundi asubiri wiki moja. Tulichokipanga na dadangu ni hiki: yeye awe chini kati ya wanawake wa vugo, kamera mkononi, atembee nao hadi chini ya wikio, apande ngazi ya mbao ya ami yetu vidaraja vitano, anyooshe mikono, mimi niwe ndani, nitoe mikono dirishani, niipokee, nigeuke, na bibi arusi awe anakuja. Tulifanya mazoezi kwa pakiti ya unga ya kilo mbili, maana kamera ikianguka hatuna nyingine. Pakiti ya kwanza ilipasuka chini, punda wa jirani akafaidi.

Usiku wenyewe ngazi ilitikisika. Kuna mshtuko kwenye shoti, mkono wake unaonekana, na kwa sekunde mbili ni giza la ukuta tu. Halafu mwanga wa taa ya chemli, sakafu ya chokaa, na nyayo zenye hina zinakuja taratibu. Nikainua kamera kwa pumzi yake. Alipofika usawa wa dirisha alisimama, kwa kuwa alisikia sauti za chini, na nikasimama naye. Sikumwambia asimame. Alikaa pale akisikiliza pembe, macho yamejaa, na mimi sikugusa kitu.

Mama yake aliitazama juzi, tukiwa wawili tu, mlango umefungwa. Hakusema lolote kuhusu kamera kupanda dirishani. Sidhani hata aliona. Ilipofika bibi arusi anaingia kwenye taa za upande wa pili, akaninyooshea kidole.

"Rudisha," akasema. "Rudisha kule ndiani, kwa mama. Yule apigaye pembe, mwenye leso ya manjano. Sikujua kama alikuya mpaka chini."

Nikarudisha.